Gemu Lako Limekaa Diski Gani? Kulitafuta, Kulihamisha na Kuliokoa Kabla ya Kupiga Windows Upya

Hapa Mwanga, Kigoma, wiki haipiti bila kijana kuniletea laptopu yenye mstari mwekundu kwenye diski C. Maneno ni yale yale: "Fundi, imejaa, nipigie Windows upya." Nikifungua nakuta gemu la GB 60 au 90 limekaa kwenye C, na diski D iko karibu tupu. Nikimsikiliza na kupiga Windows papo hapo, gemu litafutika lote, naye atarudi kulishusha kwa bando usiku baada ya usiku. Wengi wetu huku tunashusha kwa hotspoti ya simu, na GB 60 ni fedha ya mtu. Kitu ambacho tayari unacho kwenye diski usikishushe mara ya pili.

Kwanza elewa kwamba gemu lina sehemu tatu, na kila moja inakaa mahali pake. Kuna mafaili ya gemu lenyewe, ndiyo yanayokula nafasi. Kuna kumbukumbu inayoiambia Steam au Epic, yaani programu za kununulia, kushushia na kufungulia magemu, kwamba gemu hilo lipo na liko wapi. Halafu kuna sevu, yaani hatua uliyofikia katika mchezo. Aliyewahi kungoja mzigo bandarini anaelewa: mzigo unaweza kuwa mbele ya macho yako, hati isipoonekana hauondoki nao. Gemu nalo ni hivyo. Ukikopi folda peke yake kwenda D, Steam itakuonyesha kitufe cha kuingiza upya kama vile hujawahi kuwa nalo.

Hatua ya 1: Zijue diski zako

Bonyeza Ctrl + Shift + Esc, ingia "Performance". Kila diski itaonekana na aina yake, SSD (ya kasi) au HDD (ya kuzunguka, ya polepole). Usishtuke ukiona SSD uliyouziwa kuwa ya GB 256 inasoma 238. Hujaibiwa, kiwanda kinahesabu kwa 1,000 na Windows inahesabu kwa 1,024.

Windows na gemu unalolicheza kila siku viweke kwenye SSD. Magemu ya zamani na yale unayoyagusa mara moja kwa mwezi peleka HDD. Lakini soma mahitaji ya gemu kwanza, kwa sababu yapo yanayodai SSD waziwazi, kama Starfield ya mwaka 2023.

Hatua ya 2: Iulize programu yenyewe

Usianze kupekua folda moja moja. Kwenye Steam, bofya kulia jina la gemu, chagua "Manage", kisha "Browse local files". Folda inafunguka hapo hapo. Kama hujawahi kubadilisha chochote, utajikuta ndani ya C:\Program Files (x86)\Steam\steamapps\common. Rudi nyuma folda moja, mpaka steamapps, utaona mafaili madogo yenye majina kama appmanifest_570.acf. Hizo ndizo hati nilizosema. Namba 570 ni ya Dota 2, na kila gemu lina namba yake.

Epic kwa kawaida huweka C:\Program Files\Epic Games, na hati zake huzificha mbali, ndani ya C:\ProgramData\Epic. Magemu ya programu ya Xbox mara nyingi yako C:\XboxGames. GOG, duka jingine la magemu, ukiitumia kwa mafaili yake ya kuingizia bila programu, angalia C:\GOG Games.

Gemu ulilokopi kwa rafiki, lisilo na programu ya kulibeba kama Steam, bofya kulia ikoni yake kisha "Open file location". Ikoni ikiwa imefutika na hujui gemu liko wapi, tumia WizTree. Ni programu ndogo inayosoma orodha ya mafaili ya diski moja kwa moja, na ndani ya sekunde chache inakupangia folda kuanzia kubwa kabisa. Mimi huanza nayo kwa kila laptopu inayoletwa imejaa. Mara nyingi huonyesha gemu ambalo mwenye laptopu alishalisahau.

Hatua ya 3: Okoa sevu kabla ya kugusa kitu kingine

Hapa naomba uende polepole. Nilipoanza kazi hii, mteja mmoja kutoka Ujiji aliniletea kompyuta nimpigie Windows. Nilikopi Desktop na Documents, nikaamini nimemaliza. Alipokuja kuchukua akawasha gemu lake la mpira, akakuta timu aliyoijenga kwa miaka miwili haipo. Sevu ilikuwa ndani ya AppData, folda ambayo Windows huificha, na mimi sikuwa nimefungua huko. Hakunigombeza. Alikaa kimya, akaniuliza, "Fundi, haiwezi kurudi kabisa?" Haikurudi. Tangu siku hiyo sifuti diski ya mtu kabla ya kupita sehemu hizi zote:

- Documents, hasa folda ya My Games
- Saved Games, ndani ya folda ya jina lako kwenye Users
- AppData, zote tatu za ndani: Local, LocalLow na Roaming
- folda ya userdata ndani ya Steam

Kufika AppData, bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika %appdata%, bonyeza Enter. Utaingia Roaming, rudi nyuma mara moja uzione na nyingine mbili. Tafuta jina la gemu au la kampuni iliyolitengeneza, kopi folda nzima kwenye fleshi. Sevu nyingi ni ndogo, fleshi ya GB 8 inatosha sana.

Steam ina huduma ya kuhifadhi sevu mtandaoni, ila si kila gemu linaitumia. Na hata linaloitumia, kama umecheza wiki nzima bila intaneti, za wiki hiyo bado ziko kwenye laptopu yako tu.

Hatua ya 4: Hamisha

Steam ndiyo rahisi kuliko zote. Ingia "Settings", "Storage", ongeza diski D. Itatengeneza folda D:\SteamLibrary. Kisha bofya kulia gemu, "Properties", "Installed Files", "Move install folder", chagua D. Mafaili na hati vinahama pamoja. Hakikisha D ina nafasi ya kutosha, na kama unatumia kompyuta ya mezani isiyo na UPS (betri ya akiba umeme ukikatika), usianze jioni ambayo umeme unachezacheza. Ukikatika katikati, usifute chochote: ukirudi, hapo hapo kwenye "Installed Files" bofya "Verify integrity of game files". Steam itakagua yote na kushusha vipande vilivyopungua tu.

Epic inataka ujanja kidogo. Kopi folda ya gemu mahali pengine kwanza, ondoa gemu kwenye Epic, kisha anza kuliingiza upya ukichagua D. Likifika asilimia mbili au tatu, simamisha. Rudisha mafaili uliyokopi ndani ya folda mpya iliyotengenezwa D, ukubali yaandikwe juu ya yaliyopo, halafu endelea. Itayakagua badala ya kuyashusha.

Ya Xbox hamisha kupitia Settings za Windows, kwenye orodha ya programu zilizoingizwa: bofya vidoti vitatu, kisha "Move".

Gemu lisilo na programu ya kulibeba, ambalo linakataa kufunguka ukilihamisha, lidanganye Windows lione bado liko pale pale. Kopi folda kwenda D, badilisha jina la ile ya zamani, fungua Command Prompt kama msimamizi, uandike kwa mfano huu:

mklink /J "C:\Magemu\Mpira" "D:\Magemu\Mpira"

Njia ya kwanza ni ya zamani, ya pili ni mpya. Lijaribu gemu. Likicheza vizuri ndipo ufute ile uliyoibadilisha jina.

Ukitumia diski ya nje

Iwe imefomatiwa kwa NTFS, mpangilio wa mafaili unaotumiwa na Windows. Ikiwa kwa FAT32, mpangilio wa zamani, haitapokea faili linalozidi GB 4, na magemu ya leo yana mafaili makubwa kuliko hapo. Pia ipe herufi ya kudumu: fungua Disk Management, bofya kulia diski hiyo, "Change Drive Letter and Paths", chagua herufi ya mbali kama G. Bila hivyo leo itakuja E, kesho F kwa sababu umechomeka fleshi kwanza, na Steam italia kwamba gemu halipo.

Hatua ya 5: Baada ya Windows mpya

Kama magemu yote ya Steam yalishahamia D, kazi ni ya dakika chache. Ingiza Steam, ingia kwenye akaunti yako, nenda "Storage", ongeza D. Itasoma zile hati na magemu yatatokea yakiwa tayari. Sevu zirudishe kwenye folda zile zile ulizozitoa, kabla ya kufungua gemu kwa mara ya kwanza.

Kuna jambo jingine ambalo vijana wachache sana hapa wanalijua. Tangu mwaka 2023, Steam inaweza kuchukua mafaili ya gemu kutoka kompyuta nyingine iliyo kwenye Wi-Fi au waya mmoja na yako. Rafiki yako wa Katubuka akiwa na Dota 2 iliyokamilika, akaja nayo kwako, mkawa marafiki kwenye Steam na nyote mmeingia kwenye akaunti, fungueni "Downloads" ndani ya "Settings" na mruhusu uhamishaji huo. Kisha bofya kuingiza kwenye laptopu yako. Bando litatumika kidogo tu, gemu lenyewe litapita kati ya mashine mbili. Gemu la kulipia ni lazima uwe umelinunua kwenye akaunti yako. Dota 2 na Counter-Strike 2 ni za bure, hazina shida hiyo.

Mwisho kabisa, chukua kipande cha karatasi, andika gemu gani liko diski gani na sevu yake iko folda gani, ukibandike kwa selotepu chini ya laptopu. Mimi huwabandikia wateja wangu wote, ili hata wakienda kwa fundi mwingine Kasulu au Tabora, ajue pa kutazama kabla hajafuta.