Kumpima mwanakwaya asiyesikia upatanifu wa sauti

Kabla ya kusema mtu "hana sikio", mpime kwenye kinanda, chumba kikiwa kimya, naye akupe mgongo asione vidole.

Piga noti mbili zikifuatana: mara zile zile, mara C na kibonye cheusi kinachoifuata. Aseme zimefanana au la. Rudia mara 20, bila mpangilio. Anayekisia atapata kama 10.

Kisha piga C, E na G kwa pamoja. Halafu C, kibonye cheusi chake, na D. Muulize ipi inampendeza. Mwenye amusia ya kuzaliwa, yaani ubongo wake haushiki noti za muziki ingawa masikio ni mazima, mara nyingi huona zote sawa. Hapa ndipo wengi hukosea: wakiuliza "ipi inakwaruza?", anaweza kujibu sawasawa, kwa sababu mtetemo wa noti zinazogongana anausikia, utafiti wa 2012 ulionyesha hivyo. Kinachomponyoka ni upatanifu.

Usimpime kwa kumwimbisha. Wengi wanaotoka nje ya noti husikia vizuri, ila koo haliwatii. Nta masikioni nayo hupotosha majibu. Mdundo mara nyingi hubaki salama, kwa hiyo mpe kayamba, abaki kwaya.