Somo: Bibi na popo, filamu ya vikaragosi ya dakika moja

Hadithi ni ya bibi wa Pemba anayeishi peke yake, na popo wa Pemba, yule mkubwa mla matunda, anayekuja kuning'inia barazani kwake. Kikaragosi kisogeze kidogo, piga picha, kisogeze tena: picha 12 kwa kila sekunde ya filamu, jumla 720. Picha 24 kwa sekunde ni kazi maradufu, na kwa mwendo wa pole kama huu hazina faida.

1. Vipimo. Fuata moja kwa sita, yaani kila sentimita sita za kweli ziwe moja: bibi sentimita 25, kiwiliwili cha popo sentimita 4 hadi 5. Usianike karafuu za kweli kwenye jamvi la bibi, zitaonekana kama vijiti vya kuni. Paka ufuta rangi ya kahawia, kisha ugundishe wote. Punje ikisogea kidogo tu, jamvi zima litaonekana linachemka.

2. Mifupa. Sokota nyuzi mbili za waya wa alumini wa milimita 1.5. Waya mgumu wa chuma hurudi ulikotoka. Tia nati kwenye kila unyayo, ufunge kwa skrubu kutoka chini ya ubao.

3. Mwanga. Funga madirisha, maana wingu likipita picha hupepesa. Kwenye kamera ya simu, rangi, fokasi na kiasi cha mwanga viweke kwa mkono, na kasi ya kila picha iwe sekunde 1/50 kwa sababu umeme wetu ni hezi 50. Usivae kanzu nyeupe: hurudisha mwanga kwenye seti. Vaa nguo nyeusi, usimame palepale kila picha.

4. Upweke. Hapa ndipo filamu ilipo, msiharakishe. Bibi anaweka vikombe viwili, anamimina kahawa kimoja tu, kisha anakaa. Mpe sekunde 3, yaani picha 36, lakini usirudie picha moja, atakuwa maiti. Kifua kiinuke milimita moja taratibu, kisha kishuke. Kope: nusu, zimefungwa, nusu, picha tatu basi. Machozi hayahitajiki. Urafiki nao uonekane kwa masafa: kila onyesho popo ashuke sentimita 3, bibi asogeze kigoda, mpaka kipande cha papai kiingie kwenye kile kikombe cha pili.

MASWALI

Assalaam aleikum mwalimu. Plastisini, ule udongo laini wa kufinyangia, inalegea mchana, shingo inainama. Niitie frijini?
– Waaleikum salaam. Hapana, ikitoka itatoa jasho na kung'aa. Kichwa kifanye cha karatasi na gundi, plastisini ibaki kwenye midomo na kope. Tumia taa za LED, upige baada ya Isha.

Umeme ukikatika katikati ya onyesho je?
– Usiguse kitu. Ukirudi, ziache taa zitulie dakika kumi, linganisha na picha ya mwisho. Mwanga ukikataa kufanana, kata hapo, badilisha upande wa kamera.

Manyoya ya popo yanatetemeka kila picha.
– Ni vidole vyako. Mshike kwa kibanio kwenye waya wa bawa, kamwe usimshike mwilini.

Bibi akisema neno, midomo nifanyeje?
– Rekodi sauti kwanza. Silabi moja huchukua picha 2 au 3. Ziandike kwenye karatasi kabla hujagusa kikaragosi.