Namna ya Kulitambua Jiwe la Kabonatiti

Volkano karibu zote hutoa mawe yaliyojaa silika (muungano wa silikoni na oksijeni), lakini kabonatiti ni jiwe la volkeno ambalo zaidi ya nusu yake ni madini ya kabonati, yaani yenye kaboni na oksijeni zilizoungana na metali kama kalsiamu. Kwa sura hufanana mno na marumaru au jiwe la chokaa, na kwa sababu hiyo ni rahisi kulipita bila kulitambua.

Anza na asidi. Vaa miwani ya kinga, kisha dondosha juu ya jiwe tone la asidi ya haidrokloriki iliyozimuliwa hadi takriban asilimia 10: kalsaiti, kabonati ya kalsiamu, itatoa povu papo hapo, ilhali dolomaiti, kabonati yenye pia magnesiamu, hukawia mpaka uikwaruze ili asidi iguse unga wake. Povu hilo huthibitisha kuwapo kwa kabonati tu, na chokaa iliyotokana na makombe ya bahari hutoa povu lilelile. Usiseme umepata kabonatiti kwa kipimo hiki pekee.

Sasa chukua lenzi inayokuza mara 10, utafute punje za apataiti (madini ya fosfati), magnetaiti nyeusi inayovutwa na sumaku, mika ya kahawia, na pengine pairokloro, ambayo ndiyo hubeba metali ya niobi katika Kilima cha Panda karibu na Mbeya. Hata hivyo, baadhi ya madini hayo huonekana pia katika marumaru, kwa hiyo inua macho utazame mawe ya jirani, hatua ambayo kwangu ina uzito kuliko zote. Kabonatiti mara nyingi hukaa pamoja na mawe yenye nefelini, madini yenye silika kidogo, yasiyo na kwatzi, ambayo ni silika tupu, na pembezoni mwake mwamba wa zamani huwa umegeuzwa na majimaji ya moto yenye sodiamu na potasiamu, ukawa fenaiti. Jina hilo limetoka Fen, Norwei, ambako W. C. Brøgger alilieleza jiwe la kabonatiti mwaka 1921.

Ujirani huo unatokana na asili yake. Sehemu ndogo sana ya mwamba wenye kaboni wa joho la dunia, tabaka lililo chini ya ganda la dunia, huyeyuka, na magma (mwamba ulioyeyuka) inayopatikana hupanda kupitia nyufa, hasa penye mabonde ya ufa. Wakati mwingine, inapopoa, hujitenga kuwa vimiminika viwili visivyochanganyika, kimoja cha silika na kingine cha kabonati.

Ol Doinyo Lengai, kusini mwa Ziwa Natron nchini Tanzania, ndiyo volkano pekee inayojulikana kutoa zaha (magma iliyofika juu ya ardhi) ya kabonatiti katika nyakati zetu. Zaha hiyo ina sodiamu nyingi, na joto lake ni kama nyuzi 500 hadi 600 za Selsiasi, takriban nusu ya joto la zaha ya basalti, jiwe jeusi la kawaida la volkeno. Madini yake makuu ni gregoriiti na nyerereiti, hili la pili likiwa limepewa jina la Mwalimu Julius Nyerere. Zaha hiyo hutoka nyeusi au kahawia, kisha hunyonya unyevu na kugeuka nyeupe baada ya saa au siku chache, kwa hiyo sampuli mbichi lazima ifungwe mara moja katika chombo kikavu kisichopitisha hewa.

Shaka ikibaki, peleka sampuli maabara, uombe kipimo cha isotopu za strontiamu, yaani atomi za elementi hiyo zinazotofautiana kwa uzito. Uwiano wa strontiamu 87 kwa 86 unaokaribia 0.703 huonyesha asili ya joho, ilhali chokaa ya baharini kwa kawaida huwa kati ya 0.707 na 0.709.