Samaki wa sufuria moja kwa watu wengi: sangara aingie mwisho

Unapowapikia watu kumi samaki wa kuchemsha katika sufuria moja, kinachoamua ladha ni mpangilio wa kuingiza vitu kuliko wingi wa viungo. Viazi mviringo huhitaji takribani dakika 20 na vipingili vya mahindi mabichi dakika 10 hivi, ilhali vipande vya sangara vyenye unene wa vidole viwili huiva kwa dakika 8 hadi 10 tu. Ukivitia vyote kwa pamoja, viazi vitakapolainika samaki atakuwa amekwisha kusambaratika.

Kwa sisi wa Mwanza, napendekeza sangara kuliko sato katika pishi hili, kwa kuwa nyama yake ni nene na hushikamana, na mifupa yake ni mikubwa, hivyo hata watoto wanaokula sinia moja na wakubwa hawasumbuki na miiba. Ukimnunua mzima mwaloni, yaani ufukweni wavuvi wanakoshusha samaki, funua mashavu uhakikishe ni mekundu na yana unyevu.

Samaki akishaingia, usikoroge kabisa. Shika sufuria kwa vitambaa, uitikise taratibu, kisha funika na upunguze moto hadi mchuzi utokote kwa mbali. Nyama ikishakuwa nyeupe hadi karibu na mfupa, epua mara moja, kwani joto la sufuria huendelea kuipika hata nje ya moto. Ndimu ikamuliwe baada ya kuepua, maana ikichemka muda mrefu harufu yake nzuri hupotea.