Ukitaka kutengeneza mchezo wa televisheni wa taarab

Mimi ni muitikiaji wa taarab hapa Mji Mkongwe, na mchana nashona. Vijana wanaotaka kutengeneza mchezo wenye nyimbo, unaoonesha wasanii jukwaani na majumbani mwao, huniuliza waanzie wapi. Anzeni na sauti, kamera baadaye.

Nyimbo zote zirikodiwe kwanza, chumba kisichosikia vespa. Siku ya kupiga picha zitoke kwenye spika, na mwimbaji aimbe kwelikweli juu yake. Akichezesha midomo tu, watu wa Unguja watamjua papo hapo: shingo haikazi, kifua hakipandi.

Kabla ya kuandika, ombeni ruhusa mkae kwenye mazoezi ya kikundi kikongwe kama Nadi Ikhwan Safaa, kilichoanzishwa 1905. Mtazameni mpiga kanuni, ala bapa ya nyuzi inayolazwa mapajani, anavyokaza nyuzi zake, sabini na zaidi, tatu tatu kwa kila sauti. Ufunguo unahama kigingi hadi kigingi, sikio limeinama. Huku nyuma mmoja ananyonyesha, mwengine anajibizana na mumewe kwenye simu. Maneno ya siri ya mchezo wenu yawekeni hapo, chini ya mlio wa nyuzi.

Kwa chumba cha kuvalia, tafuteni Der blaue Engel, filamu ya Kijerumani ya 1930, Marlene Dietrich akiwa mwimbaji wa kilabu. Mlango ukifunguliwa, muziki wa jukwaani unaingia, ukifungwa, unakatika. Nasi milango mizito ya mbao tunayo, itumieni.

Nguo: gauni la jukwaani lionekane pia kesho yake, limeanikwa uani.

Kwenye kutunza, yaani kumpelekea mwimbaji fedha akiwa anaimba, ndipo wengi wanapoharibu. Wanapiga picha noti mkononi mwa mwimbaji, basi. Kamera ya pili imfuate mtunzaji tangu anainuka kitini. Bibi anatembea polepole, noti juu, macho yake kwa bibi mwengine, na fumbo linaimbwa wakati huo huo: ugomvi wao umeshajulikana, hata neno halijasemwa. Kwa hiyo mashairi mpeni mtunzi anayejua mafumbo. Wimbo ukimtaja mgomvi kwa jina, kwangu mimi hiyo si taarab tena.

Noti za kuigizia zihesabiwe kabla na baada, zirudi kwa mshika fedha. Malipo ya msanii yawe mbali na hizo, na ayajue kabla hajavaa.