Tembea ufukweni kwa kufuata maji, si saa
Kwa mnaotembea pwani ya Bagamoyo mkarudi na magoti yanauma: shukeni maji yakianza kupwa, mtembee pale mchanga ulipo mbichi na mgumu, simu ibaki nyumbani. Mchanga mkavu wa juu hula nguvu karibu mara mbili ya barabara, ndiyo maana wengi huchoka dakika ya kumi na kuishia kwenye chapati (mimi mmojawapo). Mbichi unabeba mguu, nusu saa inapita hujaihisi. Macho yapeleke mbali, kwenye matanga ya majahazi. Misuli ya jicho iliyokaza kwa simu hulegea, na kichwa nacho hupoa. Maji huchelewa kama dakika 50 kila siku, kwa hiyo saa ya leo si ya kesho. Rudi kwa njia ileile: ufuko una mteremko, mguu mmoja usibebe mzigo peke yake. Bamvua, yale maji makubwa ya mwezi mpevu na mwezi mwandamo, likijaa usijisumbue, mchanga mgumu wote umemezwa. Saa sita mchana pia hapana. Na kwenye mawe yenye chaza vaa ndara, wanakata kama wembe.