Kusoma Vikono vya Mzabibu: Maji, Nguvu ya Mche na Mavuno Yajayo

Kikono ni ule uzi wa kijani unaochomoza kwenye tawi changa la mzabibu, ukagawanyika ncha mbili, kisha ukajizungusha kwenye waya, nguzo au tawi la jirani. Mkulima wa zabibu anapopita kwenye mistari yake huangalia majani, akainua vichala kuona kama vina ugonjwa, akakagua mipira ya umwagiliaji. Kikono hakitazami mpaka siku ya kupogoa, wakati kimekwisha kukauka, kimekuwa kigumu na kinamkwamishia kazi. Hapo kimechelewa kumsaidia. Kikiwa bado laini, kikono humweleza mkulima mambo matatu ambayo vinginevyo angeyajua kwa gharama kubwa: tawi lipi litazaa na lipi halitazaa, mche una kiu kiasi gani, na shamba lina nguvu ya kupita kiasi au la.

Tuanze na mahali kinapoota, kwa sababu ndipo maelezo yote yanapotokea. Maboga, matango na makakara nayo yana vikono, lakini kwenye mkakara kikono hutoka kwapani mwa jani, ilhali kwenye mzabibu hutoka upande wa pili wa kifundo, kikitazamana na jani. Ukilifuata tawi la mzabibu kutoka shinani kwenda nchani utaona vifundo viwili vinavyofuatana vyenye kitu mkabala na jani, halafu kifundo kimoja kitupu, kisha viwili tena, na kuendelea hivyo hivyo. Kitu hicho, kwenye vifundo vya chini, hasa kuanzia cha tatu hadi cha sita, huwa ni kichala; kutoka hapo kwenda juu huwa ni kikono. Havichanganyiki ovyo, na havigombanii nafasi, kwa kuwa asili yao ni moja.

Ndani ya jicho ambalo bado limelala, yaani chipukizi ambalo halijafunguka, kuna vijinundu vidogo vya chembe hai ambavyo havijaamuliwa viwe nini. Hali ikiwa nzuri, yaani jua la kutosha, joto na chakula cha kutosha ndani ya mche, chembe hizo hugawanyika mara nyingi na kuwa kichala. Hali ikiwa mbaya, hugawanyika mara chache na kuishia kuwa kikono. Homoni mbili zina sauti kubwa katika uamuzi huo: saitokinini huvuta kuelekea kichala na jiberelini huvuta kuelekea kikono. Mwaka 2002, watafiti Paul Boss na Mark Thomas wa Australia walieleza katika jarida la Nature jinsi walivyokuza mche kutoka tabaka la nje la seli za aina ya Pinot Meunier, ambayo ni zabibu ya Champagne, wakapata mzabibu mfupi usioitikia jiberelini ipasavyo. Mche huo ulitoa vichala mahali ambapo mizabibu mingine hutoa vikono. Mkulima hana haja ya maabara kuliona jambo hili, kwani akitafuta kwa makini katika shamba lolote atakuta kikono ambacho mkono wake mmoja umejizungusha kama kawaida huku wa pili umebeba maua machache, na baadaye hata punje tatu au nne za zabibu.

Faida ya kwanza ya ujuzi huu huonekana wiki chache baada ya kupogoa, machipukizi yanapofikia urefu wa sentimita 15 hadi 25 na bado yanakwanyuka kwa kidole bila mkasi. Shika chipukizi na uhesabu vifundo kutoka chini. Kama kitu cha kwanza unachokikuta mkabala na jani ni kichala, ambacho wakati huo huonekana kama kifumba cha punje za ulezi zilizobanana, chipukizi hilo litazaa. Kama kitu cha kwanza ni kikono, chipukizi hilo kwa kawaida ni tasa kwa msimu wote, kwa sababu mzabibu ukishaanza kutoa vikono kwenye tawi haurudi tena kwenye vichala. Mkulima anayesubiri akitumaini kwamba kichala kitajitokeza juu zaidi anakuza majani ya kuyawekea machipukizi mengine kivuli.

Kwa hiyo, katika kupunguza machipukizi, anza na hayo yaliyotanguliza vikono. Shamba lililofunzwa kwa mikono miwili, yaani matawi makuu mawili ya kudumu yaliyolazwa juu ya waya, hutosheka na machipukizi 12 hadi 15 kwa kila mita ya mkono. Yanayozidi hapo hubanana, hewa haipiti, na dawa unayopulizia inaishia kwenye majani ya nje. Lakini yapo machipukizi tasa yanayostahili kuachwa. Chipukizi lililoota karibu kabisa na mkono, mahali ambapo kijiti cha kuzalia (kipande kifupi cha tawi kinachoachwa wakati wa kupogoa) kimeanza kurefuka na kuwa mbali na mkono, liache hata kama halina kichala kimoja, kwa maana ndilo utakalolipogoa msimu ujao ili kurudisha uzazi chini. Nimeona mashamba ambayo vijiti vyake vimepanda juu mwaka hadi mwaka mpaka vichala vikawa vinaning'inia juu ya waya wa pili, na chanzo chake ni uaminifu wa kupita kiasi katika kuondoa kila kisichozaa.

Swali linalofuata ni kwa nini tawi litangulize kikono, na jibu lake liko katika msimu uliopita. Jicho litakalochipua baada ya kupogoa hutengenezwa wakati mazao yaliyotangulia yako shambani, hasa kuanzia kipindi cha maua yake. Jicho lililokaa juani kipindi hicho huingia usingizini likiwa na vichala ndani yake. Lililokaa gizani chini ya tabaka tatu nne za majani huingia likiwa na vikono. Hakuna mbolea itakayoubadili uamuzi huo baada ya kupogoa.

Hali ya Dodoma inalifanya jambo hili kuwa zito kuliko ilivyo katika nchi za baridi, ambako mzabibu hulala wakati wa baridi na kuzaa mara moja kwa mwaka. Hapa mvua hunyesha kuanzia Desemba hadi Aprili, na mizabibu huvunwa mara mbili: mavuno ya kiangazi, ambayo kwa kawaida hufika Agosti na Septemba, na mavuno ya masika, Februari na Machi. Macho yanayozaa mavuno ya kiangazi yametengenezwa kipindi cha mawingu na mvua, mche ukiwa unakua kwa kasi na majani yakiwa mengi kupita kipindi kingine chochote. Ndiyo maana nashauri kwamba kazi ya kupunguza machipukizi na kufungua hewa ifanywe kwa bidii zaidi katika mzunguko wa masika, ijapokuwa wakulima wengi huuchukulia mzunguko huo kuwa wa pili kwa thamani kwa sababu zabibu zake huwa na sukari kidogo na huoza upesi. Anayeupuuza hupunguza mavuno mazuri ya Agosti bila kujua. Majani machache yaliyo jirani na vichala yanaweza kuondolewa upande unaopigwa na jua la asubuhi. Upande wa jua la alasiri yaache, la sivyo punje zitaungua.

Aina nazo hutofautiana. Ipo ambayo macho yake ya chini kabisa hayazai vizuri hata yakikaa juani, na mfano unaojulikana sana ni Sultana, zabibu isiyo na mbegu, ambayo hupogolewa kwa kuachiwa fimbo ndefu badala ya vijiti vya macho mawili. Mkulima wa aina yoyote, iwe Makutupora Nyekundu, Chenin Blanc au zabibu za mezani, anaweza kujipimia mwenyewe: achague miche kadhaa iliyotawanyika shambani, aache macho manne au matano kwenye baadhi ya vijiti, na machipukizi yakishatoka aandike ni jicho la ngapi lilitoa kichala na la ngapi lilitanguliza kikono. Karatasi hiyo moja itamwambia aache macho mangapi vizuri kuliko mapendekezo ya jumla. Kituo cha utafiti cha TARI (Taasisi ya Utafiti wa Kilimo Tanzania) Makutupora kipo hapo hapo mkoani, na mkulima akimpelekea mtaalamu takwimu zake mazungumzo huwa mafupi na yenye manufaa.

Jambo la kuangaliwa hapa ni samadi na urea. Mche uliojaa naitrojeni hukua kwa haraka, pingili zake huwa ndefu, vikono vyake huwa vinene na hupita mbali mbele ya ncha ya tawi. Mkulima huona shamba limependeza, lakini anachokiona ni kivuli cha msimu ujao. Ukiona hali hiyo kwenye mistari mingi, acha kuongeza naitrojeni na punguza maji kidogo kidogo. Aidha, anayetumia jiberelini kukuza punje za zabibu za mezani zisizo na mbegu afuate kipimo na wakati uliopendekezwa, na asiipulizie kwenye aina zenye mbegu kwa kubahatisha, kwa sababu homoni hiyo hiyo inayokuza punje inaweza kupunguza vichala ndani ya macho ya msimu unaofuata.

Kuhusu maji, kikono hutangulia jani kuonyesha kiu. Ingia shambani saa mbili au saa tatu asubuhi na uangalie ncha za matawi ambazo hazijakatwa. Vikono vya karibu na ncha vikiwa vimenyooka, vimejaa maji na vimeipita ncha, mche una maji ya kutosha. Vikiwa vimeinama asubuhi hiyo, kabla ya jua kuwa kali, udongo umeanza kuishiwa. Vikikauka na kudondoka vyenyewe, ncha ikabaki butu na majani machanga yakaipita, mche umesimama kukua. Usipime saa nane mchana, maana saa hiyo hata mche ulionyweshwa jana unaweza kulegeza vikono na kuvisimamisha tena jioni. Na usitazame mche mmoja. Tembea mistari kadhaa, ukijumuisha mwisho wa mpira wa matone ambako maji hufika kwa shida, kwani mara nyingi vikono vilivyoinama kwenye miche mitano ya mwisho ni taarifa ya matundu yaliyoziba, wala si ya shamba zima.

Dalili hiyo hiyo hupewa majibu tofauti kulingana na umri wa zao. Kuanzia machipukizi hadi punje kutunga, vikono vinavyoinama asubuhi ni amri ya kumwagilia bila kungoja. Punje zikianza kubadilika rangi, kwa zabibu za mvinyo, ni vizuri ukuaji wa ncha uwe umepungua au umesimama, ili chakula kiende kwenye punje badala ya majani mapya. Hapo vikono vilivyokauka nchani havipaswi kumtisha mkulima, mradi majani makubwa yangali ya kijani na hayajaanza kupukutika.

Wapo wanaoshauri vikono vyote viondolewe kwa madai kwamba vinakula chakula cha zabibu. Siungi mkono ushauri huo kwa shamba la mvinyo. Chakula kinachoingia kwenye kikono ni kidogo, na siku za kibarua zinazotumika kuvikata zingefaa zaidi kwenye kupunguza machipukizi. Tena upepo wa kiangazi wa Dodoma si wa kuchezewa: tawi lililojishika kwa vikono kwenye waya wa juu halivunjiki kirahisi. Zabibu za mezani ni suala jingine, kwa kuwa kikono kikipita katikati ya kichala huchubua punje na kuharibu sura inayolipiwa sokoni. Ondoa vile vilivyo jirani na vichala wakati bado ni laini. Mche mchanga wa mwaka wa kwanza nao usiachwe ujishikilie wenyewe. Ufunge kwa kamba ya katani kwenye kijiti chake, fundo likiwa limelegea, na uondoe vikono vinavyouzunguka mwili wake, kwa sababu vikikauka havinyumbuki, na shina linaponenepa hubanwa.

Kikono pia ni mahali pa kugundua ugonjwa mapema. Unga mweupe juu yake ni ubwiri unga. Madoa meusi yaliyobonyea ni chule. Na kikono kinachogeuka kahawia kana kwamba kimemwagiwa maji ya moto, baada ya siku za mvua, kinafaa kukuelekeza ugeuze majani ya jirani kutafuta ukungu mweupe wa ubwiri chini. Dawa za salfa husaidia kwa ubwiri unga na zile za shaba kwa ubwiri chini, lakini salfa isipuliziwe wakati wa jua kali, kwani huunguza.

Wakati wa kupogoa ukifika, usiridhike na kukata tawi na kulivuta. Vikono vikavu hubaki vimeuma waya, na vilivyokuwa na chule huhifadhi vimelea mpaka mvua zinazofuata, vikiwa juu kabisa ya machipukizi mapya. Kwanza kata tawi vipande vifupi, kisha kata kikono pale kinapoungana na tawi ili usivute waya na kulegeza nguzo, halafu pitia waya kwa mkono uliovaa glavu na kutoa mabaki yote. Yakusanye pamoja na matawi, yatoe nje ya shamba na kuyachoma au kuyafukia kabla macho hayajaanza kuvimba.